Mtu wa Lubefu Aliyetembeza Picha

Mwanafunzi akionekana anachora pembezoni mwa daftari lake la hesabu, mzazi wa Kabondo hana haja ya kuuliza amechora nini. Ni yule kijana mwenye nywele za kuchongoka kama miiba ya nungunungu, macho makubwa, na kitambaa chenye bamba la chuma kwenye paji la uso. Ni Naruto, mtoto wa hadithi za Wajapani, ambaye watoto wetu wamemwona katika televisheni ya jirani au katika simu ya kaka mkubwa, nao wamjua kuliko wanavyowajua wajomba zao wa ng'ambo ya mto. Baba hukasirika, daftari huchanwa, na mtoto huambiwa kwamba shule haikulipiwa ili achore vikaragosi.

Hatuna nia ya kumlaumu baba huyo. Karo ni ngumu, na daftari si bure. Lakini twapenda kumwuliza neno moja: je, amepata kufikiri kwamba vikaragosi vile havikujichora vyenyewe? Nyuma ya kila picha inayotembea yuko mtu mzima aliyeketi mezani na kalamu, na nyuma ya wachoraji wote yuko mmoja anayewaongoza, anayesema huyu atainua mkono hapa, yule ataanguka pale, na mvua itaanza kunyesha sasa. Hiyo ni kazi kama useremala ulivyo kazi. Tena Mkongo mmoja ameifanya kwa zaidi ya miaka thelathini, naye jina lake ni Jean-Michel Kibushi Ndjate Wooto. Juma hili twataka kusimulia habari zake. Lakini kwanza sharti tueleze kazi yenyewe, maana wengi hudhani ni mchezo wa mashine.

Jicho la binadamu lina udhaifu wake, nao udhaifu huo ndio mtaji wa sinema. Likionyeshwa picha moja, kisha nyingine iliyobadilika kidogo tu, kisha nyingine tena, upesi upesi, haliwezi kuzitenga; huzishona pamoja na kuona kitu kimoja kinachojongea. Katika sinema picha 24 hupita kila sekunde. Basi chukueni kalamu, ninyi wanafunzi wa darasa la sita: filamu ya dakika 8 ina sekunde 480, na 480 mara 24 ni picha 11,520. Watengenezaji wengi hupunguza mzigo kwa kuipiga kila picha mara mbili, na hata hivyo zabaki 5,760. Kwa dakika nane tu! Muda ambao mama hupeta mchele wa chakula cha jioni.

Picha hizo zaweza kupatikana kwa njia nyingi. Njia ya kwanza ni kuchora kila moja upya. Njia ya pili ni kukata karatasi: mtu hukatwa kwa mkasi vipande vipande, kichwa peke yake, mkono peke yake, goti peke yake, kisha viungo hufungwa kwa uzi au pini. Hulazwa juu ya meza, kamera ikitazama kutoka juu. Mtengenezaji husogeza mkono kwa upana wa punje ya mchele, hupiga picha, husogeza tena, hupiga tena. Akipiga chafya na kipande kikahama, huanza upya. Njia ya tatu ni ya vinyago: badala ya karatasi husimamishwa mwanasesere mwenye mifupa ya waya ndani, akasogezwa vivyo hivyo. Siku hizi kompyuta husaidia sana, lakini haijaondoa shida iliyo kubwa kupita zote, yaani kuamua kila kiumbe atakwendaje.

Wajapani waliifanya kazi hii kuwa kiwanda kikubwa. Kampuni yao ya Toei ilianza kutengeneza sinema za kuchorwa mwaka 1956, na mwaka 1963 iliajiri kijana wa miaka 22 aitwaye Hayao Miyazaki. Hakupewa kuongoza chochote. Aliwekwa kuchora picha za katikati: bwana huchora mkono ukiwa chini, kisha mkono ukiwa juu, na mwanagenzi huchora hatua zote zilizo kati ya hizo mbili. Filamu ndefu ya kwanza aliyoiongoza yeye mwenyewe ilitoka mwaka 1979. Hesabuni wenyewe: miaka 16 ya kazi kabla ya kukaa katika kiti cha mwongozaji wa filamu ndefu. Mwaka 1985 yeye na wenzake walianzisha Studio Ghibli, na mwaka 2001 ilitoka filamu yake juu ya msichana Chihiro, ambaye wazazi wake waligeuka nguruwe kwa sababu walikaa mezani wakala chakula kisicho chao, naye akalazimika kufanya kazi katika nyumba ya kuogea ya mizimu mpaka awaokoe. Filamu hiyo ilipata tuzo kuu ya Berlin mwaka 2002 na Oscar mwaka 2003. Mzazi wa Kabondo akiitazama hataona ugeni mwingi. Bibi zetu nao walituonya juu ya chakula kisicho na mwenyewe.

Miyazaki, lakini, aliingia katika nyumba iliyokwisha kujengwa: meza zilikuwapo, walimu walikuwapo, na mshahara kila mwezi. Kijana wa Kongo hakuikuta nyumba ya namna hiyo. Alikuta nini, basi?

Alikuta kitu kidogo, nacho kilitoka misioni. Katika miaka ya 1950 padre mmoja wa shirika la Scheut, Alexandre Van den Heuvel, alitengeneza huko Léopoldville filamu fupi za kuchorwa zilizoitwa Les Palabres de Mboloko. Mboloko mnamjua wote: ni yule paa mdogo wa msituni, mwepesi wa miguu na mwepesi zaidi wa akili, ambaye katika hadithi za kwetu huwashinda wakubwa kwa werevu, kama sungura anavyofanya katika hadithi za pwani na za Kivu. Wakati uleule mapadre wa Luluabourg, mji uitwao leo Kananga, walitengeneza michezo ya kuchekesha ya Matamata na Pilipili, iliyochezwa na Wakongo wenyewe. Wazee waliokuwa watoto wakati ule huzikumbuka jioni hizo: shuka jeupe limetandazwa, injini ya umeme inanguruma nyuma ya kanisa, na kijiji kizima kimeketi chini.

Ni haki kuwashukuru mapadre hao, maana waliona kwamba hadithi ya mboloko yastahili kuchorwa kama hadithi ya mtu mwingine yeyote. Lakini ni haki vilevile kusema yote. Serikali ya kikoloni haikumruhusu Mkongo kutazama filamu aitakayo. Tume ilichagua zipi zamfaa. Na watengenezaji wengi wa siku zile, mapadre wakiwamo, waliamini kwamba Mwafrika hawezi kufuata sinema inayokwenda upesi, kwa hiyo wakamtengenezea za polepole na nyepesi, kama uji wa mgonjwa. Mboloko alikuwa wetu, lakini mkono uliomchora na sauti iliyomsemea havikuwa vyetu. Uhuru ulipokuja mwaka 1960 vyumba vile vya kutengenezea filamu vilikwisha nguvu, na kwa muda mrefu hapakuwa na Mkongo aliyeshika kazi hiyo.

Kibushi alizaliwa mwaka 1957 huko Lubefu, nchi ya Sankuru, kati ya Watetela. Hakuanza kwa kuchora. Alisoma sanaa ya maigizo katika Institut National des Arts mjini Kinshasa, na jambo hili twaliona kuwa muhimu, maana mwongozaji wa filamu za kuchorwa ni mtu wa maigizo kwanza: sharti ajue kiumbe akiogopa huinama vipi, na akisema uwongo macho yake huenda wapi. Mchoraji mwema asiyejua hayo hutoa picha nzuri zilizokufa. Hatua za kwanza za ufundi wenyewe alizipata kwa watu wa Atelier Graphoui, karakana ya Wabelgiji ya kutengeneza filamu za namna hii. Mwaka 1988 alianzisha karakana yake mwenyewe, akaiita Studio Malembe Maa.

Msomaji wa Kisangani hahitaji kutafsiriwa neno malembe. Ni polepole, na jina lafaa. Lakini lililo zuri zaidi katika studio hiyo ni kwamba haikuwa nyumba. Ilikuwa studio ya kutembea. Badala ya kungoja jumba, umeme wa hakika na meza za kioo, Kibushi alibeba vyombo vyake akaenda walipo watoto, akawaonyesha filamu, kisha akawapa karatasi na mkasi, akawafundisha. Watu wa mji wetu, ambao bwawa la Tshopo huwapa taa leo na giza kesho, wataelewa upesi akili ya mpango huo.

Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1991, naye alikuwa na miaka kama 34. Iliitwa Le Crapaud chez ses beaux-parents, yaani chura aliyekwenda ukweni, na yatoka katika hadithi ya Watetela. Huchukua dakika kama nane tu, zile tulizozifanyia hesabu hapo juu. Huhesabiwa kuwa miongoni mwa filamu za kwanza kabisa za kuchorwa zilizotengenezwa na Mkongo. Fikirini jinsi alivyochagua. Angeweza kuanza na simba, au na shujaa mwenye upanga. Akaanza na chura, tena chura aliye katika safari iliyo ngumu kupita zote kwa mwanaume wa Kiafrika, safari ya kwenda kwa wakwe, ambako kila hatua yaweza kuwa aibu. Hapa hata mzee asiyejua neno la Kifaransa hucheka, maana amekwisha kuipita njia hiyo.

(Jambo la kustaajabisha kidogo: Mwafrika mwingine aliyetangulia katika kazi hii, Moustapha Alassane wa Niger, naye alipenda vyura. Mwaka 1966 alitengeneza filamu Bon voyage Sim, juu ya rais wa jamhuri ya vyura anayesafiri nchi za nje kwa heshima kubwa. Labda chura, kwa jinsi anavyojivuna, amezaliwa kwa sinema.)

Mwaka uleule wa 1991, mwezi wa Septemba, ikatokea habari isiyochekesha. Tarehe 23 askari wa Kinshasa, ambao mishahara yao ilikuwa imekuwa kama si kitu, waliasi na kuanza kupora maduka, maghala na viwanda. Wananchi nao wakawafuata. Uporaji ukaenea hata miji mingine, na watu wakaona yaliyojengwa kwa miaka yakibebwa vichwani kwa siku chache. Watoto waliyatazama yote hayo madirishani na mabarabarani. Hakuna aliyewauliza neno.

Kibushi aliwauliza. Mwaka 1992 alitoa filamu ya dakika saba hivi, Kinshasa, septembre noir, iliyojengwa kwa michoro ya watoto juu ya siku zile. Si michoro ya fundi anayeigiza utoto. Ni ya watoto wenyewe. Fundi aliyatia mwendo tu. Katika kazi zake zote hiyo ndiyo sisi twaiweka mbele, ingawa wengine husifu zaidi zile za baadaye zilizo safi kwa ufundi. Sababu yetu ni hii: mtoto aliyeona mabaya hana maneno ya kuyasema. Mwambie asimulie, atainamisha kichwa. Mpe kalamu, na kwa nusu saa utajua alikuwa amesimama wapi, nani alikuwa karibu naye, na kitu gani hakimwachi alale.

Hapa sharti tuutazame mji wetu. Mwezi wa Juni 2000, tangu tarehe 5 hata tarehe 10, majeshi ya Rwanda na ya Uganda yalipigana ndani ya Kisangani kwa mizinga, mji ukiwa katikati kama nyasi. Mamia ya raia walikufa, na nyumba zilibomoka juu ya wenyewe. Mtoto aliyekuwa na miaka kumi siku zile, aliyelala chini ya kitanda akiyahesabu mabomu, leo ni baba au mama, na huenda ndiye anayeusoma ukurasa huu. Mambo hayo yameandikwa katika taarifa za Umoja wa Mataifa, yamesemwa mbele ya majaji wa The Hague, ambao mwaka 2022 waliiamuru Uganda ilipe fidia kwa maovu ya vita vile nchini Kongo. Haya yote ni mema. Lakini taarifa ya majaji haisomwi na mtoto wa darasa la tano. Watoto wetu hujua namna kijiji cha Naruto kilivyobomolewa, nyumba kwa nyumba, maana Wajapani wamewachorea. Namna mtaa wa babu yao ulivyobomolewa hawaijui, au waijua kwa vipande, siku mzee anapokuwa na hamu ya kusema. Twasema hivi bila chuki kwa Wajapani. Wao nao waliona miji yao ikiteketea mwaka 1945, na Miyazaki alikuwa mtoto wa miaka minne alipokimbizwa na wazazi wake wakati wa mabomu. Katika filamu zake nyingi moto ule ungali unawaka.

Turudi kwa Kibushi. Mwaka 1999 alitoa Muana Mboka, ya dakika 14. Mwana mboka, mtoto wa nchi; lakini huyu ni mtoto wa barabarani katika mji mkubwa, anayeishi kwa ujanja wake. Siku moja anamwokoa waziri katika ajali ya gari. Waziri anamshukuru kwa zawadi nono, na hiyo zawadi ndiyo inayomfungulia mtoto mlango wa matata. Hatutasimulia zaidi, asije msomaji akanyimwa utamu. Twasema tu kwamba yeyote aliyepata kuona fedha za ghafula zikimwangukia maskini, na jinsi zinavyomkusanyia ndugu asiowajua, atatikisa kichwa.

Kisha mwaka 2004 ilikuja Prince Loseno, ya karibu nusu saa, na safari hii si karatasi bali vinyago. Ni habari ya mwana wa mfalme, ya nguo na ngoma za enzi ya zamani. Kwa ufundi ni kazi kubwa kupita zote alizokuwa amefanya mpaka wakati huo. Twakiri kwamba moyo wetu hubaki kwa yule chura, lakini hilo ni jambo la mapenzi.

Sasa mzazi aliyetusikiliza kwa subira atainua mkono, naye ataomba hesabu nyingine, ile ya mfuko. Ni haki yake. Ukiziunganisha filamu hizo tulizozitaja, tangu chura mpaka mwana wa mfalme, hupati zaidi sana ya saa moja ya kutazama. Saa moja, kwa miaka kumi na mitatu! Tena mwenyewe alilazimika kufanya kazi kati ya Kongo na Ubelgiji, maana fedha za kutengenezea filamu za namna hii hazikupatikana nyumbani; filamu fupi haiuzwi sokoni kama muhogo, na jumba la sinema la kuionyesha kwa tiketi ni shida kulipata katika miji yetu mingi. Hatutaki kumdanganya mtu. Kijana akituambia kwamba ataacha shule ili awe Miyazaki wa Kabondo, tutamrudisha darasani siku ileile, tena kwa ukali, kwa sababu Kibushi mwenyewe alipitia shule mpaka juu, na kwa sababu hesabu ile ya 24 mara 480 haifanywi na mtoro.

Lakini mlango hauko kama ulivyokuwa mwaka 1988. Nairobi zilichorwa hadithi za wanyama za Tinga Tinga Tales, zilizoanza kuonyeshwa mwaka 2010, nazo zilichukua sura zake kwa wachoraji wa Dar es Salaam. Mwaka 2023 kampuni ya Disney ilitoa mfululizo wa filamu fupi za waongozaji wa Kiafrika, na jina lake likawa la Kiswahili: Kizazi Moto. Kati yao wamo Ng'endo Mukii wa Kenya na Raymond Malinga wa Uganda. Na filamu ya Malinga ni ya wachungaji wa ng'ombe, ingawa wachungaji hao wana silaha za nyakati zijazo. Kampala na Nairobi si mbali na Kisangani kama Tokyo ilivyo. Na simu ambayo kaka mkubwa huitumia kutazamia Naruto ina kamera ndani yake, nayo yaweza kupiga picha za karatasi zilizokatwa, moja baada ya moja, kama kamera iliyomgharimu Kibushi jasho.

Hivyo hatumwombi baba aliyechana daftari aseme kwamba mwanawe atakuwa tajiri. Twamwomba aketi naye jioni moja na kumwuliza swali alilouliza Kibushi: uliona nini? Mtoto achore Naruto, si dhambi. Wajapani wenyewe walijifunza kwa kuiga sinema za Marekani. Lakini baada ya Naruto na achore toleka akipita katika barabara ya Kabondo na abiria wawili na gunia, achore Wagenia na mitego yao mikubwa katika maporomoko, achore mboloko. Bibi yumo nyumbani mwenye hadithi za mboloko zisizoandikwa popote, na bibi hatakuwapo daima.

Nanyi wanafunzi, ambao mmengoja kwa adabu mpaka wakubwa wamalize, hii ni sehemu yenu. Hamhitaji umeme wala simu. Tafuteni daftari dogo lenye karatasi ngumu kidogo, na penseli. Tutachora gurudumu la toleka linalozunguka, maana ndilo jepesi kuliko yote.

Anzeni katika ukurasa wa mwisho, wala si wa kwanza, kwa kuwa karatasi inayoshuka juu yake itawaonyesha kivuli cha mchoro wa chini, nanyi mtaufuata. Chora duara kwa kuzungusha kizibo cha chupa, karibu na ukingo wa nje wa ukurasa. Usichore vijiti vyote vya gurudumu, maana vyafanana, na jicho likishindwa kuvitofautisha litaona gurudumu limesimama au linarudi nyuma. Chora kijiti kimoja tu, na mwisho wake ule mdomo wa kutia upepo. Katika ukurasa wa kwanza wa kazi mdomo huo uwe juu kabisa, pale mshale mkubwa wa saa ulipo inapogonga saa sita kamili. Angusha karatasi ya pili, fuata duara lilelile, ila mdomo uusogeze mpaka pale mshale mdogo unapokuwa saa saba. Karatasi ya tatu, saa nane. Endelea hivyo bila kuruka, na ukurasa wa kumi na tatu utakuwa umerudi saa sita. Gurudumu limezunguka mara moja. Fanya tena kumi na mbili.

Halafu shika daftari kwa mkono wa kushoto, kunja kingo zake kwa kidole gumba cha kulia, uziachilie zipite upesi kutoka nyuma kwenda mbele. Gurudumu likirukaruka, maana yake duara moja limehama. Litafute, lifute, lichore upya. Likizunguka sawasawa, ongeza mguu wa mwenye kukanyaga. Huo utakuchukua juma zima.